Mume anapiga chafya, solidago inalaumiwa

Swali: Shikamoo mwalimu. Mimi ni Mtanzania, mzaliwa wa Lushoto, na sasa tunaishi kaskazini ya Minneapolis, jimbo la Minnesota, Marekani. Mwaka jana tulinunua nyumba yetu ya kwanza. Nyuma kuna kipande cha ardhi kilichojaa mimea mirefu inayotoa maua ya njano mwishoni mwa Agosti. Jirani mmoja anasema ni goldenrod, na ndiyo inayompigisha mume wangu chafya hadi Oktoba, kwa hiyo tuing'oe yote. Jirani mwingine anasema tukiigusa tunaua nyuki. Watoto nao wameona mashina yana uvimbe wa duara, wanauliza kama ni ugonjwa. Tufanye nini? Kuna aina yenye adabu ninayoweza kupanda mbele ya nyumba bila manispaa kunisumbua? Halafu mama yangu kaona picha, anataka nimpelekee mbegu Desemba.

Jibu: Marahaba, dada yangu, na hongereni kwa nyumba. Nianze na chafya, maana ndiyo iliyoleta kesi yote hii.

Mmea wenu, ambao wataalamu huuita solidago na majirani zako goldenrod, umesingiziwa. Chavua yake ni nzito na inanata. Husafiri kwa miguu na manyoya ya wadudu, upepo hauiwezi, na ndiyo sababu mmea unaingia gharama ya kutoa maua ya njano na mbochi, yale maji matamu ya maua: unawalipa wachukuzi. Mmea unaochavushwa na upepo hauna haja ya kujipamba. Chavua ya solidago ikidondoka huishia hapo hapo chini ya shina, haivuki ua kumfuata mtu aliyekaa barazani.

Mkosaji mwenyewe ni mmea mwingine unaochanua wiki zile zile. Jina lake ni ambrosia, na Wamarekani huuita ragweed. Maua yake ni ya kijani, madogo, yameinama kwenye vishada vyembamba vilivyosimama juu ya mmea, na watu hupita karibu wasiyaone. Mmea mmoja unaweza kumwaga chembe za chavua zipatazo bilioni 1 kwa msimu, nyepesi kiasi kwamba zimewahi kunaswa baharini zaidi ya kilomita 600 kutoka pwani. Mumeo anapiga chafya, anatazama dirishani, anaona njano tupu. Yule wa kijani hajamwona hata mara moja. Hukumu inatolewa kwa aliyeonekana.

Mtafuteni huyo wa kijani. Kwenu Minnesota kuna aina mbili za kujua. Ambrosia artemisiifolia hufika kiunoni au kifuani, na majani yake yamechanikachanika sana. Ambrosia trifida ni jitu, linaweza kupita mita 3, na jani lake pana limegawanyika ncha tatu, mara nyingine tano. Zote huota upya kwa mbegu kila mwaka na hupenda udongo uliovurugwa: kando ya barabara, chini ya uzio, mahali mafundi wa bomba walipofukua wakaondoka. Kama umewahi kuona gugu karoti lililowasumbua wakulima wa Arusha, basi ukoo huu si mgeni kwako. Gugu karoti na ambrosia ni ndugu wa karibu, asili yao Amerika, na gugu karoti nalo lina sifa mbaya ya kuwasha ngozi na kuchokoza kifua.

Ng'oeni ambrosia yote mtakayoiona kabla ya Agosti, kabla haijachanua. Mizizi yake si mirefu, mvua ikinyesha inatoka kwa mkono. Lakini nisikudanganye: mkiing'oa kwenu, ya mtaa wa pili itaendelea kuleta chavua. Mumeo amwone daktari wa mzio apimwe kwenye ngozi, ajulikane anaathiriwa na nini hasa. Mara nyingi daktari humshauri mgonjwa aanze dawa wiki moja au mbili kabla ya msimu, wakati wengi husubiri mpaka macho yamevimba.

Kuna tahadhari moja upande wa solidago. Nayo ni ya ukoo mkubwa wa alizeti, ukoo ule ule wa ambrosia, na baadhi ya wenye mzio wa ambrosia huwashwa wakiishika solidago au wakiinusa kwa karibu sana. Wapo watengeneza mashada waliopata vipele mikononi kwa kuishika kila siku. Kwa hiyo kazi ya kukata nitakayoieleza hapa chini aifanye mtu mwingine, au mumeo avae glovu na mikono mirefu. Na usiyaweke maua hayo kwenye chombo mezani wakati wa msimu wake wa shida.

Sasa, mmea wenu ni upi? Solidago ziko aina zipatazo 100 na nyingi ni za Amerika ya Kaskazini. Hata wataalamu wa mimea hubishana juu ya baadhi yake. Hata hivyo watoto wako wamenisaidia. Ule uvimbe wa duara ni nyumba ya nzi mdogo aitwaye Eurosta solidaginis, na nzi huyu anapendelea zile solidago ndefu za jamii ya Solidago canadensis, Solidago altissima na Solidago gigantea. Ukiongeza kwamba mmea umejaza kipande kizima, karibu nina uhakika ni mojawapo ya hizo. Tazama na jani: kama ni jembamba, lina meno pembeni, na mishipa mitatu inakwenda sambamba kutoka chini hadi juu, na maua yamepangika upande wa juu wa vitawi vinavyopinda kwa nje, basi nimepatia.

Waambie watoto si ugonjwa, na mmea haufi. Nzi jike hutaga yai kwenye kichipukizi mwishoni mwa majira ya kuchipua. Funza akitoka huingia ndani ya shina, na shina humzunguka kwa kuvimba mpaka linapata kipenyo cha sentimita 2 au 3. Mmea wenyewe ndio unaomjengea mgeni wake, kwa amri za kikemia anazotoa yeye. Funza hula kuta za ndani majira yote ya joto. Kabla ya baridi hutoboa njia ya kutokea karibu na ganda, akaacha ngozi nyembamba tu, kisha hurudi katikati kulala. Kazi hiyo anaifanya mapema kwa sababu akishakuwa nzi hatakuwa na meno ya kutoboa chochote. Mwili wake hujijaza gliseroli na sobitoli, kemikali zinazozilinda seli, hivyo maji yaliyo nje ya seli huganda kabisa na yeye asife. Halijoto ya nyuzi 30 chini ya sifuri, ambayo Minnesota huijua vizuri, anaivumilia akiwa ndani ya shina lililokauka. Kigong'ota akimgundua hutoboa tundu safi na kumla. Wavuvi wanaovua kwenye barafu hupasua uvimbe huo wakapata chambo. Mkitaka somo la sayansi la bure, Februari kateni uvimbe mmoja kwa kisu, mzazi akiwa anashika kisu: mtamkuta funza mnene mweupe amelala. Uvimbe ukiwa na tundu kubwa ubavuni, ndege amewatangulia.

Jirani yako wa pili naye ana hoja, ingawa kasema kwa ukali. Mwishoni mwa Agosti na Septemba maua mengi ya Minnesota yameshamaliza, na solidago ndiyo duka lililobaki wazi. Wataalamu wa wadudu wamehesabu zaidi ya aina 100 za viwavi wanaokula majani ya solidago mbalimbali, na viwavi ndio chakula ambacho ndege wengi wa porini hulishia makinda. Vipepeo wa rangi ya chungwa na nyeusi, wale wa monarch, hupita kwenu wakati huo huo wakielekea milima ya katikati ya Mexico, safari ya karibu kilomita 3,000, na mafuta ya mwilini ya kuwafikisha huko wanayapata kwa mbochi wa maua ya mwisho wa msimu. Yupo pia Bombus affinis, nyuki mkubwa mwenye manyoya na doa la rangi ya kutu mgongoni. Mwaka 2017 serikali ya Marekani ilimwingiza kwenye orodha ya viumbe walio hatarini kutoweka, na mwaka 2019 Minnesota ikamfanya nyuki rasmi wa jimbo. Malkia wapya wa nyuki huyu wanahitaji kushiba kabla ya kulala chini ya ardhi majira yote ya baridi, na eneo la Minneapolis na St. Paul ni kati ya maeneo machache ambako bado anaonekana.

Wafugaji wa nyuki wa asali nao wanaitegemea solidago kwa akiba ya mizinga ya baridi. Asali yake ina rangi ya kahawia ya dhahabu na huganda haraka. Inapoiva ndani ya mzinga hutoa harufu ambayo wafugaji wenyewe huifananisha na soksi zilizovaliwa siku nyingi, na mfugaji mgeni huogopa akadhani nyuki wameugua. Harufu hiyo huisha asali ikishaiva. Mimi naipenda asali hiyo kwenye chai ya tangawizi, ingawa najua si kila mtu.

Wala Wamarekani wenyewe hawajawahi kukubaliana kama ni gugu. Nebraska ililifanya solidago ua la jimbo mwaka 1895, na Kentucky mwaka 1926. Thomas Edison, yule wa taa, alitumia miaka yake ya mwisho akitafuta mpira ndani ya mimea inayoota Marekani, kwa hofu kwamba vita ikizuka nchi ingekatiwa mpira wa Asia. Mwaka 1927 yeye, Henry Ford wa magari na Harvey Firestone wa matairi walianzisha kampuni ya utafiti, wakapima maelfu ya mimea, na Edison akaishia kuchagua solidago, aina ya Solidago leavenworthii, aliyoizalisha Florida mpaka ikapita urefu wa mtu. Mpira ulipatikana kweli, kwenye majani. Alifariki 1931 kabla ya kazi kufika kiwandani, na mpira wenyewe ulikuwa dhaifu kuliko ule wa mti wa mpira.

Turudi nyuma ya nyumba yako. Ushauri wangu ni msing'oe yote, wala msiiache yote.

Hii solidago ndefu haikosi madhara bustanini. Inatambaa kwa mashina yanayopita chini ya udongo, kila mwaka inasogea, na mizizi yake hutoa kemikali zinazozuia baadhi ya mimea mingine. Ukiiachia kipande kizima, baada ya miaka michache utabaki na mmea mmoja tu. Chagueni sehemu ya nyuma kabisa, karibu na uzio, ibaki pale. Kwingine punguzeni. Msitumie mashine ya kulima, maana kila kipande cha shina la chini kilichokatwa kinaweza kuchipua, na mtakuwa mmeipanda upya kwa bidii yenu wenyewe. Ing'oeni kwa mkono au kwa uma wa bustani siku moja baada ya mvua, Mei au mwanzoni mwa Juni, mkifuata shina la chini mpaka linapokatika. Iliyobaki ifyekeni mara mbili kwa msimu, Juni na tena mwishoni mwa Julai, ili iishiwe akiba ya mizizini. Itachukua zaidi ya mwaka mmoja. Na msifanye hivyo Septemba, wadudu wakiwa mezani.

Kwenye nafasi mtakayoipata, na mbele ya nyumba, panda Solidago rigida. Hii ndiyo yenye adabu uliyoiuliza. Ni mmea wa mbuga za nyasi za katikati ya Marekani, na Minnesota ni kwao kabisa. Linnaeus, yule Mswidi aliyeweka utaratibu wa majina ya kisayansi ya mimea, aliupa jina hilo mwaka 1753. Wapo wanaouita Oligoneuron rigidum, kwa hiyo ukikuta jina hilo kwenye kibao cha kitalu usidhani wamekuuzia kitu kingine. Utautambua kwa majani yake: mapana, magumu, ya kijani chenye kijivu, ukiyapapasa yanakwaruza. Yale ya chini yana vikonyo virefu na hukaa kwa duara ardhini. Shina husimama wima bila matawi mpaka juu, kimo cha mita 1 hadi 1.5, na maua hukusanyika kileleni kwa umbo bapa au la kuba. Kila ua ni kubwa kuliko la solidago ndefu. Kipepeo anatua pale vizuri, hahitaji kuning'inia.

Sifa inayokuhusu zaidi ni kwamba haitambai. Huota kwa mafungu, na kila fungu hukaa mahali pake likinenepa polepole. Inaweza kujipanda kwa mbegu, na miche ya ziada utaing'oa kwa vidole. Mizizi huzama chini sana, kwa hiyo ikishashika haihitaji kumwagiliwa. Inataka jua la kutwa. Udongo wa kichanga, wa mfinyanzi, wenye mawe, wote inaukubali. Unaoiharibu ni udongo wenye rutuba nyingi. Usiipe samadi wala mbolea, jambo ambalo najua mtu wa Lushoto ataliona ni utovu wa heshima kwa mmea. Ukiilisha hurefuka, hulegea, na upepo wa kwanza unailaza chini. Mwaka ukiona imepanda sana, mwanzoni mwa Juni ikate theluthi ya juu. Itachanua ikiwa fupi na imara zaidi.

Ukipanda miche, acha sentimita 50 hivi kati ya mmoja na mwingine. Ukipanda mbegu, itawanye Novemba juu ya udongo mtupu uliosawazishwa, uikanyage tu bila kuifukia, maana ni ndogo na inataka mwanga. Baridi ya miezi ijayo itaiamsha. Mwaka wa kwanza utaona majani ya chini tu, usikate tamaa ukaifyeka. Maua huanza mwaka wa pili au wa tatu.

Usiipande peke yake. Iweke pamoja na asta ya zambarau, ile Symphyotrichum novae-angliae inayochanua wakati mmoja nayo, na nyasi fupi za mbuga aina ya Schizachyrium scoparium. Nyasi hizo huishikilia solidago isilale, na Oktoba hugeuka nyekundu ya shaba. Kama mbele ya nyumba kuna kivuli cha mti, Solidago rigida haitafurahi. Hapo tumia Solidago flexicaulis, ya msituni, ingawa hiyo hutambaa kidogo. Penye kichanga kikavu sana Solidago nemoralis inatosha, haipiti magotini.

Kuhusu manispaa, sheria iko upande wako. Tangu Julai 1, 2023 sheria ya jimbo la Minnesota inaitaka miji imruhusu mwenye nyumba kuwa na bustani ya mimea ya asili, mradi inatunzwa. Hapo penye kutunzwa ndipo watu hushindwa. Sheria hiyo haikupi ruhusa ya kuacha nyasi za kawaida za uwanja zirefuke wala kuhifadhi magugu yaliyopigwa marufuku. Kwa macho ya mpita njia, weka mpaka unaoonekana: mstari wa mawe au ukanda wa nyasi zilizofyekwa, nusu mita kutoka njia ya miguu. Mimea mirefu iwe nyuma, mifupi mbele. Bustani yenye ukingo husomeka kuwa ni ya makusudi, na malalamiko mengi huishia hapo. Jimbo pia lina mpango uitwao Lawns to Legumes unaowarudishia wakazi sehemu ya gharama za kupanda maua ya wadudu. Maombi yana muda wake, kwa hiyo chungulia tovuti yao mapema kabla hujanunua miche.

Oktoba msisafishe. Acheni mashina yasimame na vichwa vyake vya mbegu, ndege wadogo watayala majira ya baridi, na funza wa watoto wako hawatatupwa na takataka. Aprili au Mei yakateni, mkiacha visiki vya sentimita 30 hadi 50, maana nyuki wengine wa porini hutaga ndani ya mashina yaliyokatwa.

Imebaki mbegu za mama, na hapa jibu langu ni hapana. Mbegu zinazoingia Tanzania zinahitaji kibali cha kuingiza na cheti cha usafi wa mimea kutoka nchi zinakotoka, na wanaosimamia ni Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu, TPHPA. Lakini hata kama karatasi zingepatikana, nisingekushauri. Solidago ya Kanada, ile Solidago canadensis, ilipelekwa Ulaya kama ua la bustani, ikapelekwa Uchina mwaka 1935 kwa sababu hiyo hiyo, na kote huko imetoka bustanini ikameza mashamba yaliyoachwa na kingo za mito. Huku Amerika wapo wadudu wengi wanaoila na kuizuia. Lushoto haitakuwa na hata mmoja, na misitu ya Usambara ina mimea isiyopatikana penginepo duniani. Mama akitaka maua hayo hayo mezani, aulize kwa wauza maua Arusha au Nairobi: mashamba ya Kenya hulima solidago chotara ya kujazia mashada ya waridi, na huko wanaiita solidago tu, kama sisi hapa.